Sana Mbili za Mang Delfin

Mjukuu wangu Neema aliambiwa shuleni aandike kuhusu kazi aliyoifanya babu yake. Akaandika kwa Kiingereza kizuri kabisa, akasifiwa, na karatasi ikabandikwa kwenye friji la mama yake kule Gaithersburg, hukuhuku ughaibuni, ambako kila Jumapili naenda kutafuta soda na kujisoma. Kwa kifupi, mjukuu wangu anasema babu yake alikuwa mashine ya fotokopi.

Sikukasirika. Basi, nilikasirika kidogo. Ndiyo maana naandika haya, kwa ajili yake na kwa ajili yenu vijana wote mnaoelewa Kiswahili lakini mkisemeshwa mnajibu kwa Kiingereza. Someni polepole, hakuna mtihani.

Kazi yangu ilikuwa kunakili nota. Mtunzi wa muziki wa filamu huandika muziki wake wote kwenye karatasi moja kubwa, vyombo vimepangwa juu hadi chini, filimbi huku, besi kule. Mimi nilikuwa nikiiita karatasi mama. Sasa mpiga chelo ukimwekea karatasi mama mbele yake atapotea. Yeye anataka karatasi yake peke yake, yenye nota zake tu. Anayeitoa hiyo karatasi ya chelo, na ya violini, na ya tarumbeta, moja moja, bila kuangusha hata nukta, ndiye mnakili. Ukifanya vizuri hakuna anayejua kwamba upo. Ukikosea, ukumbi mzima unageuka kukutazama.

Mtunzi wangu alikuwa Mfilipino, mwenyeji wa Laguna, tukimwita Mang Delfin. Hilo Mang ni la heshima, kama sisi tunavyosema Mzee. Alikuwa mtu mfupi, shati limechomekwa vizuri hata siku za joto, na alikuwa na tabia ya kuonyesha vitu kwa midomo badala ya kidole. Ukimuuliza raba iko wapi, anaichongea midomo. Kwetu mambo hayo yapo, nikamwelewa tangu siku ya kwanza. Wapigaji wa hapa ndio waliopata shida. Mikono yote miwili ikiwa kazini, anawaongoza violini, basi wapiga filimbi aliwaita waingie kwa midomo. Dada mmoja wa filimbi alikaa vipindi viwili vizima akidhani mzee anamtumia busu. Ilibidi nimweleze kwamba hapana, ule ni mpigo wa tatu.

Tulikutana dukani. Ndiyo, Neema, lilikuwa duka la fotokopi, hapo ulipatia. Siku hiyo alileta rundo la karatasi zake za penseli, nami nikiwa nazilisha mashine nikaona sehemu moja ina mapigo matano mahali panapotakiwa manne. Nota nilijifunzia kwenye bendi ya matarumbeta ya usharika wetu kule Lushoto, na mwalimu wetu alikuwa hana mchezo. Ukihesabu vibaya anakunyang'anya tarumbeta, anakukabidhi ngoma kubwa, na ngoma kubwa hiyo unaipandisha mlima mwenyewe. Mtu aliyelelewa hivyo mapigo matano hayampiti. Nikamwambia. Mang Delfin akahesabu kwa kidole, akahesabu tena, kisha akasoma jina langu kwenye beji kana kwamba ndiyo nota iliyozidi. Wiki iliyofuata nilikuwa chini ya nyumba yake, kwenye chumba alichokigeuza ofisi, nina penseli laini na meza yangu.

Alinipa kanuni moja tu. "Kaka," akasema, "usinakili unachokijua. Nakili unachokiona."

Aliniita Kaka kwa sababu kwao nako neno hilo lipo, ni ndugu mkubwa, ingawa yeye alikuwa amenizidi umri kwa mbali. Na siku hiyohiyo mke wangu alinipigia simu, nikamaliza kwa kusema, "Haya, asante sana." Mang Delfin akainua kichwa. "Sana?" akasema. "Hata sisi tunayo sana." Alifurahi kama mtu aliyekutana na jirani yake wa nyumbani uwanja wa ndege. Nami nikafurahi. Hakuna aliyemuuliza mwenzake sana yake ina maana gani. Vijana, hapo ndipo tulipokosea, wote wawili, kabla hata chai haijapoa.

Maana kuanzia hapo, nikikuta kwenye karatasi mama, juu ya nota, Mang Delfin ameandika kwa mkono wake "piano, sana", mimi sikuwa na swali. Piano kwa watu wa nota ni sauti laini, na huandikwa kwa herufi moja, p. Ukitaka laini zaidi unaandika mbili. Ukitaka laini kiasi cha kusikia kiti kikilia, unaandika tatu. Laini sana? Nikaandika tatu. Nilifanya hivyo kwa miaka tisa, kwa moyo mweupe na mwandiko mzuri.

Kazi yenyewe ina mengi ya kujua ambayo hayamo kwenye kitabu. La kwanza ni mahali pa kugeuzia ukurasa. Mpigaji ana mikono miwili na yote ina kazi, kwa hiyo ukurasa umalizike pale anapopumzika. Filamu yangu ya kwanza, ya hospitali moja ikiwafundisha wauguzi kunawa mikono, nilimalizia ukurasa wa chelo katikati ya mbio kali. Mama wa chelo akageuza kwa meno. Alipomaliza akaja mezani kwangu, akaniwekea ile karatasi yenye alama za meno, akaondoka. Ninayo hadi leo.

La pili ni kutozitegemea sana kompyuta. Zilipokuja, nilizichukia mwaka mzima, halafu nikazipenda, halafu nikazijua. Kompyuta inanakili upesi, lakini haimwonei huruma mpigaji. Itamalizia ukurasa popote. Na ina faida nyingine ambayo nitaisema kwa aibu huko mbele, kwamba ni rahisi kuisingizia.

La tatu ni kukubaliana na mahali ulipo. Tulikuwa tukirekodia kwenye ghala moja kule Sterling, limepigwa magodoro ukutani, na jirani yetu alikuwa jengo lisilo na madirisha, limejaa kompyuta, linavuma mchana kutwa kwa sauti moja. Fundi wa sauti aliweka magodoro zaidi, lakini wapi. Mang Delfin akakaa sakafuni, akafumba macho, akasikiliza ule mvumo kwa dakika kadhaa, kisha akaniambia nibadilishe muziki wote uende na sauti ya jirani. Nilinakili upya karatasi zote. Kwenye filamu ile, mkisikia besi moja ndefu inayotuliza roho, jueni hilo ni feni la kompyuta za watu.

Basi, filamu zake ndizo hizo. Za kunawa mikono, za mikopo ya nyumba, na katikati yake filamu ndogo ndogo ambazo vijana wa kwao walimtumia kutoka Manila. Hizo ndogo ndizo zilizomtoa. Watu walianza kuandika kwamba muziki wa Mang Delfin una utulivu wa ajabu, kwamba anajua kunyamaza kuliko watunzi wote wa rika lake. Mmoja akamwita bwana wa ukimya. Mang Delfin alichapa maneno yale, akayabandika juu ya piano yake, na asubuhi moja nilimkuta amesimama mbele yake akiyasoma huku anajifanya anapangusa vumbi. Nilimwonea fahari kweli.

Ndipo akaja Luz. Alikuwa mwongozaji wa filamu, binti wa wauguzi wa Kifilipino, amezaliwa hapahapa, Kitagalogi cha wazazi wake anakielewa na kukisoma lakini anajibu kwa Kiingereza, mnamjua mtu wa namna hiyo, mnakutana naye kwenye kioo. Alikuwa amepata filamu kubwa, ya kuonyeshwa kwenye majumba ya sinema nchi nzima, na akamchagua Mang Delfin kwa sababu ya ule ukimya. Alisema wazi kwamba asipoupata ukimya huo, ana mtu mwingine anamsubiri. Mang Delfin alikuwa na miaka sabini na moja. Filamu kubwa hakuwahi kupewa, na alijua hatapewa ya pili.

Filamu ilikuwa ya mama muuguzi. Kuna mahali anasoma ujumbe wa mwanawe akiwa ndani ya gari, kwenye maegesho ya hospitali, na hasemi kitu. Kila mtu alitegemea muziki laini hapo. Lakini karatasi mama ilipofika mezani kwangu, juu ya nota za matarumbeta nilikuta kitu ambacho sikuwahi kukiona kwa mzee yule tangu nimjue. Ameandika "forte, sana".

Forte ni sauti ya nguvu. Mimi ni mtu wa matarumbeta, jamani. Kwa miaka tisa nilikuwa nikiwaandikia wenzangu wapumue tu. Nilisimama kabisa kwenye kiti. Nikaandika f tatu kwenye kila karatasi ya tarumbeta, na ya nne nikaizuia kwa shida.

Siku ya kurekodi, mpiga tarumbeta wa kwanza, Papa Mukendi, Mkongo anayekaa Landover, aliniita pembeni na karatasi yake mkononi, akiniita mzee kwa Kifaransa.

"Vieux, hapa umeandika f tatu. Njo kusema tupige mpaka ukuta ianguke?"

Nikamwambia mtunzi ndivyo anavyotaka. Akainua mabega, akalowesha midomo.

Sitaieleza sauti ile. Nitasema tu kwamba fundi wa sauti alimwagikiwa na kahawa yote kwenye suruali, na Luz, aliyekuwa amevaa vile vifaa vya kusikilizia, alivivua kama vimemng'ata. Matarumbeta yakanyamaza. Ule mvumo wa jirani ukarudi. Mang Delfin akashuka kwenye jukwaa lake la kuongozea, akaenda moja kwa moja kwa Papa Mukendi, akaichukua karatasi, akaisoma, akanichongea midomo mimi.

"Kompyuta," nikasema.

Ndiyo, nilisema hivyo. Mtu mzima, mzee wa kanisa. Papa Mukendi alitazama dari kwa niaba yangu.

Luz alikuwa ameshaifikia karatasi mama. Akaisoma, na uso wake ukalainika kidogo. Akamuuliza mzee, "Uncle, why are you asking? Forte, hopefully? If you want forte, just say forte."

Nikamuuliza hopefully imetoka wapi. Luz akaniwekea kidole juu ya neno. Sana. Kwao sana si kama sisi tunavyosema sana. Kwao ni ombi. Ni laiti, ni ingekuwa heri, ni Mungu akijalia. Mang Delfin alikuwa ameandika, nguvu, natumaini. Natumaini mwongozaji ataniruhusu.

Niliomba radhi mbele ya watu wote, nikaitakasa na kompyuta. Watu wakacheka, hata fundi mwenye suruali mbichi. Tukafuta f mbili kwenye kila karatasi, Papa Mukendi na wenzake wakapiga kwa f moja, na ikawa kilio cha mama yule ambacho hakukitoa. Luz akafuta macho. Akasema hiyo imepita, na zilizobaki anazitaka kimya, kile kimya cha Mang Delfin alichokifuata. Mzee akaitikia. Mimi peke yangu ndiye niliyekuwa nimekaa, nimeshika raba, napiga hesabu ya miaka tisa.

Nilimwambia garini. Nilikuwa naendesha mimi, tumevuka mto, tumeingia barabara kuu ya I-270, magari yamesimama kama kawaida yake, kwa hiyo hakuna aliyeweza kukimbia. Nikamweleza kuhusu kila "piano, sana" niliyoifanya p tatu. Filamu zote. Zile za Manila pia.

Tukapita Rockville. Kisha akasema, huku anatazama mbele, "Wapigaji wa hapa wana sauti kubwa. Kila mara niliandika sana, nikimaanisha naomba. Na kila mara walipiga laini kuliko nilivyothubutu kuomba. Nilidhani nasikilizwa juu, kwa Mungu. Kumbe ni wewe."

Nilitaka dunia ipasuke. Nilimwacha mlangoni kwake, akaingia bila kuchonga midomo upande wowote. Alikaa wiki tatu bila kupiga simu. Mke wangu alinikuta nanakili orodha ya mboga kwa penseli laini, akaniambia niende kwa mzee au niende kazini pengine, nyumbani sifai. Nilikuwa na aibu, na zaidi ya aibu nilikuwa na hofu kwamba nimemvunja mtu kwenye kazi yake ya mwisho. Zile nyimbo zilizobaki zilikuwa hazijaandikwa. Yule mwingine alikuwa bado anasubiri.

Siku ya ishirini na mbili, kengele ikalia. Mang Delfin, shati limechomekwa, amebeba bakuli la pansit, zile tambi zao, na penseli mbili, nyekundu na ya buluu. Akala kwanza. Kisha akanieleza kwamba alikuwa ameyabandua yale maneno ya bwana wa ukimya, akamwambia Luz yote. Luz alicheka mpaka akakohoa, akasema hajali ukimya ni wa nani, anautaka Ijumaa.

"Nimejaribu kuandika p tatu mwenyewe," akasema. "Mkono unakataa. Naona kama naamrisha. Mimi najua kuomba tu."

Tukapatana hivi. Sana nyekundu ni ya Kiswahili, nanakili kwa nguvu zote, herufi tatu. Sana ya buluu ni ya kwao, ni ombi, nanakili herufi moja tu halafu tunamwachia Mungu na wapigaji. Tuliimaliza filamu ile kwa penseli mbili. Niliiona kwenye jumba la sinema na mke wangu, na mwishoni majina yalipopanda, langu lilikuwemo, dogo, chini kabisa, na mke wangu akasimama akapiga makofi peke yake. Yale maneno yalirudi juu ya piano. Chini yake mzee aliongeza kwa penseli nyekundu, na mnakili wake.

Tulifanya kazi miaka mingine sita. Kisha masikio yakamchoka, akarudi Laguna kwa binti yake, nami nikastaafu, kwa sababu sikutaka kujifunza mwandiko wa mtu mwingine.

Mwaka jana binti yake alipiga simu kuniambia Mang Delfin amefariki. Nililia pale pale kwenye maegesho ya duka la vyakula, na sikujali nani ananiona. Siku nne baadaye ikafika bahasha aliyoituma mwenyewe kabla ya hapo. Ndani mna ukurasa mmoja, wimbo mfupi wa klarineti peke yake. Alikuwa anajua Neema anapiga klarineti kwenye bendi ya shule. Mwandiko unatetemeka. Ni penseli nyeusi, ya kawaida. Na juu ya nota ya kwanza ameandika "piano, sana".

Nilikaa na ukurasa ule siku nyingi. Si nyekundu, si ya buluu, na mtu wa kuuliza hayupo. Nilichukua penseli nikaandika p tatu hewani. Nikaandika moja hewani. Nikakumbuka kanuni yake moja tu, ile niliyoivunja saa ileile niliyopewa. Basi nikaketi, nikanakili nota zote kwa mkono, mapumziko yake, nukta zake, mahali pa kuvuta pumzi. Na juu nikaandika nilichokiona, piano, koma, sana, bila kuongeza wala kupunguza. Kwa mara ya kwanza katika maisha yangu, Neema, nilikuwa mashine ya fotokopi.

Jumapili nikamwekea mbele yake, jikoni, karibu na lile friji. Akasoma, akauliza, "Babu, sana is like, very, right? So nipige soft kabisa?"

Nikamwambia sijui. Nikamwambia apige, tusikie.